Vidonge vya Kadija

Jumanne, 1 Machi 1966

Mwenye duka la vitambaa kule Mombasa amenitumia daftari la mwaka huu. Limechelewa miezi miwili, lakini karatasi zake nzuri. Nilimwonyesha mke wangu Kadija, akasema, "Andika basi, uniwate mimi nipumue. Maneno yako yamejaa nyumba hii hata paka hana pa kulala." Nimeanza kuandika, kwa hivyo, kwa amri ya mwenye nyumba.

Mimi ni Mahmud, mshona kanzu wa hapa Amu, kisiwani Lamu. Cherehani yangu iko sebuleni, karibu na mlango, ili nipate mwanga na habari za watu. Kadija hushona kofia za vito, vile vitundu vinavyotobolewa na kuzungushiwa uzi, huko ndani. Tumekaa pamoja miaka mingi, na ulimi wake na sindano yake sijui hadi leo kipi kikali.

Jumatano, 9 Machi

Leo tumekwenda zahanati ya Wiyoni, Kadija kutolewa damu.

Mwaka juzi alikatwa rovu Mombasa. Tezi yote ya shingoni ilitolewa, na tangu siku hiyo humeza vidonge vitatu kila asubuhi kabla hajatia kitu kinywani. Daktari wa huko alitueleza kwamba vidonge ndivyo vinavyofanya kazi ya tezi iliyoondoka, na atameza maisha yake yote. Vikiwa vingi moyo humwenda mbio, vikiwa haba mwili wote hulala. Ndiyo maana damu yake inatakiwa ipimwe, vidonge viongezwe au vipunguzwe.

Mganga wa zahanati ni kijana wa bara, anaitwa Fanuel. Alichovya pamba katika chupa ya spiriti akaushika mkono wa Kadija. Kadija akaunyakua.

"Hiyo si pombe hiyo? Mimi n'na udhu wangu."

"Si ya kunywa, Mama. Ni ya kuua wadudu tu wa kwenye ngozi."

"Ya kunywa, si ya kunywa, najisi ni najisi. Mkononi mwangu haiingii."

Nilidhani kijana atakasirika. Wengine wangesema basi nenda zako. Yeye alicheka, akairudisha spiriti kabatini akatoa aidini ya maji, isiyo na spiriti, ile dawa ya hudhurungi inayochoma vidonda. Akampaka mkono mzima kuanzia kiwiko, akarudia mara ya pili ili asibakishe mdudu.

"Wanitia hina, mwanangu?" Kadija akamwuliza. "Arusi ya nani?"

Watu wa bara wanasemwa mengi hapa mjini, na mimi mwenyewe nimesema mengine. Huyu ana adabu. Mfanyabiashara wa kamba wa baharini kutoka Kizingitini alitupa barafu, damu ikatiwa katika chupa ya chai na kupelekwa kiwanjani Manda kungoja ndege ya Mombasa.

Jumamosi, 2 Aprili

Idi ya kuchinja. Kadija alipika biriani, akagawa, akawasuta jirani wawili, akawapatanisha wengine wawili. Joto kali. Mvua bado.

Jumatano, 6 Aprili

Majibu yamekuja. Fanuel alikuja mwenyewe sebuleni, hakutaka tuhangaike kwenda Wiyoni. Damu ya Kadija inaonyesha dawa imezidi, na daktari wa Mombasa ameagiza apunguziwe. Kuanzia kesho ni viwili.

Kadija aliyasikia akiwa nyuma ya pazia. "Imezidi wapi? Mimi nimekonda? Moyo wangu wenda mbio? Mwambie huyo daktari aye anione."

Fanuel akasema kwa upole, "Mama, mtu anaweza kujisikia vizuri na damu ikasema vingine. Damu haidanganyi."

Nilipenda neno lile. Nikamwambia Kadija, umesikia, damu haidanganyi. Akaniambia, "Labda ya kwako."

Alhamisi, 14 Aprili

Mvua ya kwanza. Dari inavuja pale pale pa mwaka jana.

Jumatatu, 25 Aprili

Kadija amejifunika shuka adhuhuri. Nikamwuliza kama ana homa, akasema hana, ana baridi tu. Mimi nilikuwa natokwa na jasho hadi kwenye kitambaa cha mteja.

Jumanne, 3 Mei

Mvua tangu Ijumaa. Njia ya Malindi imekatika, magari hayaji Mokowe, ng'ambo yetu.

Jeilani, kijana wa mtaa wetu anayeoa mwezi wa saba, alikuja kuuliza kofia yake. Kadija ameishika kofia hiyo tangu kabla ya Idi. Niliitazama. Vito vya juu ni vyake, vidogo, vimejipanga sawa. Vya chini vimekwenda upogo, vingine vikubwa vingine vidogo, na pengine ametoboa asishone. Nilimwambia Jeilani angoje. Mchana nikamkuta Kadija amelala ameketi, sindano imo kidoleni.

Nilimwamsha nikamtania kwamba amekuwa mzee. Nilingoja anijibu. Akasema, "Labda," akalala tena. Hilo "labda" limenitisha kuliko ugonjwa wowote. Kadija hajapata kunikubalia jambo.

Jumatano, 11 Mei

Tumekwenda Wiyoni kutoa damu ya pili. Zamani alikuwa akinitangulia njiani na kunikemea kwa nini ninakokota miguu. Leo tulipumzika mara nyingi, kila penye baraza. Fanuel alikuwa ameshaiweka aidini mezani. "Nimekumbuka, Mama, wewe hupendi spiriti." Akampaka kama mara ile.

Nilimweleza habari ya baridi na usingizi. Alikunja uso. Alisema hizo kwa kawaida ni dalili za dawa kupungua, lakini damu ilisema imezidi, basi huenda ni mabadiliko tu, mwili unazoea. Tungoje kipimo. Nilirudi nimetulia, kwa kuwa nimeambiwa na mwenye kujua.

Jumapili, 15 Mei

Ndege haikutua Manda, uwanja umejaa maji. Damu imekwenda Mombasa na chombo cha baharini.

Ijumaa, 20 Mei

Mvua. Sauti ya Kadija imekuwa nzito kama ya mwanamume. Jirani aliisikia kutoka nje akauliza nina mgeni gani.

Alhamisi, 26 Mei

Majibu: dawa imezidi kuliko mara ya kwanza. Kidonge kimoja tu kwa siku.

Sikuelewa. Nilimwuliza Fanuel, "Tumepunguza, inazidije?" Akasema labda Mama anakula vingine kwa siri. Aliona haya kulisema, lakini alilisema.

Na mimi nilirudi nyumbani na neno hilo. Kadija alikuwa amekaa kitandani, uso umevimba, kope nzito. Nilimwuliza kama anakula vidonge vya siri. Alinitazama muda mrefu, maana siku hizi maneno yanamfikia kwa kuchelewa. Kisha akasema, "Nivipate wapi?"

Nimeichukua chupa nikaifungia katika mtoto wa cherehani, ile droo yake. Ufunguo ninao shingoni.

Jumamosi, 4 Juni

Asubuhi nampa kimoja, na yeye mkono bado ameukunjua, anangoja. Kila siku anangoja.

Jumanne, 7 Juni

Nyusi zake zimeanza kunyonyoka pembeni. Ngozi imekuwa kavu, nampaka mafuta ya nazi na haishibi. Alisahau jina la dada yake mbele ya dada yake mwenyewe.

Dada huyo ni Alawiya, mkubwa wake, na tangu leo amehamia hapa kwa kuwa anaona siwezi. Kweli siwezi. Amekuja na kombe la sahani, aya zimeandikwa kwa zafarani na kuoshwa kwa maji ya waridi, Kadija anywe. Anasema ni hasadi ya watu waliokuwa wakiuogopa ulimi wake.

Nilimkatalia. Nilimwambia huyu ni mgonjwa wa hospitali, ana kipimo chake, tusimchanganyie mambo.

"Kipimo kyema kipi hicho?" Alawiya akanijibu. "Mato hayana pazia, Mahmud. Mwangalie. Yeo ni nafuu kuliko yana? Yana ilikuwa nafuu kuliko yuzi?"

"Damu haidanganyi, Bi Alawiya."

"Basi keti na damu yako."

Baadaye nilimwona anamnywesha kombe kijiko kijiko. Niliondoka nikawaacha.

Jumatatu, 13 Juni

Leo Kadija aliniomba.

Nilikuwa nafungua cherehani. Alikuja ameshika ukuta, akasimama mbele yangu, akasema pole pole, "Bwana Mahmud, nipe viwili. Kimoya hakinitoshi. Nayiona nashuka."

Nilimwambia siwezi, daktari amekataza, dawa ikizidi moyo wake utasimama.

"Nipe, moyo ni wangu."

Mke wangu huyu hajapata kuniomba kitu. Akitaka kanga hunijulisha kwamba ameshaichukua dukani na mimi niende nikamalizane. Ufunguo ulikuwa shingoni mwangu, nikaushika kwa mkono kama mtu anayeogopa kunyang'anywa. Naye hakuninyang'anya. Aligeuka akarudi kitandani, na njia hiyo ya hatua chache ilimchukua muda.

Sikushona tena leo. Ninaandika haya na sijui kama nimemlinda au nimemdhulumu. Nikimpa nikamwua, nitasema nini? Na nikimnyima akafa? Ya Rabi, mimi ni mshona kanzu. Mtu akisema kanzu yambana, naipanua. Huyu asema yambana, na mimi naambiwa niikaze.

Jumatano, 15 Juni

Fanuel amekuja kutoa damu ya tatu nyumbani, Kadija hawezi tena kwenda Wiyoni. Alimpaka aidini, akamtoa damu. Mlangoni alinishika bega.

"Bwana Mahmud, mimi macho yangu yananiambia dawa ni kidogo. Nimewaandikia Mombasa hivyo. Lakini kipimo kinasema kingine mara mbili. Mimi ni nani nikatae kipimo?"

Nilimchukia. Si haki, lakini nilimchukia kwa kuwa nilitaka aniamuru, akaja kuniuliza.

Jumapili, 19 Juni

Mvua, na upepo wa kusi. Alawiya amemwekea makaa ya moto chini ya kitanda, apate joto.

Alhamisi, 23 Juni

Kadija halii, hacheki, hagombi. Nyumba imekuwa kimya hata namsikia paka akijilamba. Nilikuwa nikiomba kimya hiki. Mungu anisamehe.

Jumanne, 28 Juni

Majibu kwa simu ya upepo ya polisi, kwa kuwa ndege bado. Dawa imezidi sana. Aache vidonge kabisa mpaka damu ishuke.

Maji yamezidi unga. Sijui la kufanya, nimefanya nililoambiwa. Leo asubuhi sikufungua mtoto wa cherehani. Kadija aliukunjua mkono wake, na mimi nikatia mkono wangu ndani yake, maana sikuwa na kingine cha kumpa.

Ijumaa, 1 Julai

Maulidi. Matari yanasikika hadi hapa. Alawiya alimwita dada yake asikilize. Alifumbua macho, akafumba.

Jumatano, 6 Julai

Nitaandika kila kitu, maana nikiacha leo sitaandika tena.

Daktari wa serikali, Daktari Ndirangu, anazunguka visiwani akiwachanja watoto. Fanuel alisikia kwamba yuko Pate. Alipanda chombo katika mvua mpaka Mtangawanda, akamngoja hapo gatini, akamwomba apite Amu kabla hajarudi Mombasa. Hayo alinieleza daktari mwenyewe, Fanuel hakuyasema.

Daktari aliingia chumbani, akamtazama Kadija tangu mlangoni, hata hajamgusa, akasema, "Huyu mama ana njaa ya dawa. Nani amemnyima?"

Fanuel akamwambia vipimo vitatu, kila kimoja na jibu lake. Daktari akakaa kitandani, akamgonga Kadija goti kwa kinyundo. Mguu ulikwenda, ukarudi taratibu kama mlango mzito. Akasikiliza moyo. Akasema vipimo hivyo haviwezekani, atatoa damu tena aione mwenyewe.

Fanuel, kwa mazoea yake, akafungua chupa ya aidini akachovya pamba.

Daktari akamshika mkono. "Hii ya nini?"

"Kusafishia, Daktari. Mama hataki spiriti. Ni dini yake."

"Umempaka hii kila mara?"

"Kila mara."

Daktari alivua miwani akaipangusa muda mrefu. Kisha akatueleza sote, na Alawiya nyuma ya pazia, kwa maneno mepesi. Vidonge vya Kadija vimeundwa kwa aidini. Maabara haivioni vidonge, inahesabu aidini iliyomo ndani ya damu na kusema dawa ni nyingi au ni haba. Sasa ukipaka aidini juu ya ngozi kisha ukapitisha sindano papo hapo, aidini ya pamba inaingia katika chupa pamoja na damu. Maabara ikaihesabu yote. Walikuwa wakipima pamba, si Kadija.

Fanuel alisema, "Sikufundishwa hilo, Daktari. Wallahi sikufundishwa." Ameishi nasi hata anaapa kama sisi. Alikaa sakafuni na chupa yake mkononi.

Na mimi nikakumbuka nilivyofurahi siku ile kwamba kijana ana adabu. Laiti angekuwa jeuri! Laiti angetufukuza, tukarudi nyumbani tumekasirika, na vidonge vyake vitatu!

Daktari akasema hawezi kumpa dawa yote kwa pamoja, moyo umechoka, utapasuka. Ataanza na robo ya kidonge, iliyosagwa katika maji, aongeze kidogo kidogo. Na damu lazima itoke leo, safi, iende Mombasa, ili waliompunguzia wajue walichofanya na waagize kipimo chake cha kweli. Itasafishwa kwa spiriti.

Kadija ambaye siku tatu hajasema neno, pamba ilipomgusa alisikia harufu. Akauvuta mkono. Akasema kwa ile sauti nzito, "Najisi." Na tena, "Najisi, Mahmud."

Nilimshika. Nilimshika mkono kwa mikono yangu miwili, nikaukandamiza godoroni, na yeye akavuta kwa nguvu ambazo sikujua kwamba bado anazo. Alinitazama uso wangu wakati sindano inaingia. Sijui kama alinijua. Naomba hakunijua.

Nikatoka nikaenda msikitini kwa Mwalimu Kamaludin, imamu wetu, nikamwuliza kwa haya hukumu ya niliyofanya. Alidhani nina jambo kubwa zaidi.

"Dawa ya nde ya mwili, si ya kunywa, na mtu ni mgonjwa? Hapana neno. Mpake, kisha muoshe mkono kwa mayi, aswali. Mbona hukuniuliza tangu hapo, Mahmud?"

Kuuliza si ujinga, tunawaambia watoto kila siku. Kutoka nyumbani kwangu hadi msikitini ni kona mbili. Sikuuliza kwa kuwa sikuona kwamba kuna la kuuliza. Tulikuwa tumepata njia iliyompendeza kila mtu.

Nilirudi nikauosha mkono wake kwa maji ya uvuguvugu, mara nyingi kuliko inavyotakiwa.

Alhamisi, 7 Julai

Robo kidonge. Alawiya anashika kichwa, mimi nashika kijiko.

Ijumaa, 8 Julai

Robo. Mkono wake una joto kidogo, au ni wangu.

Jumamosi, 9 Julai

Nusu. Alimeza vizuri. Aliuliza kama mvua imekatika. Nikamwambia imekatika, na kweli ilikuwa imekatika. Alawiya alilia kwa furaha, akatoka kuwaambia jirani. Mimi nilikaa pale pale nikingoja neno jingine.

Jumapili, 10 Julai

Pumzi zake ni chache. Daktari amekwisha kwenda Mombasa na ile chupa ya damu. Fanuel amekaa hapa mchana kutwa, ameshika kifundo cha mkono wake anahesabu moyo, na kila nikimwuliza ananiambia subiri, Bwana Mahmud, subiri.

Jumatatu, 11 Julai

Mke wangu Kadija binti Husseini amefariki leo kabla ya adhuhuri. Inna lillahi wa inna ilayhi rajiun.

Jumanne, 12 Julai

Alizikwa jana alasiri. Fanuel alifuata jeneza nyuma ya watu wote na kofia yake mkononi. Makaburini hakuingia, alisimama nje ya ukuta mpaka tukamaliza. Kuna waliomsema kwa minong'ono. Mmoja akaniuliza kwa sauti kama huyo ndiye. Nikamwambia huyo ndiye aliyevuka maji kwenda kumtafutia mke wangu daktari, na wewe ulikuwa wapi?

Kisha nikatamani kumpiga Fanuel. Yote mawili ni kweli.

Jumamosi, 16 Julai

Ndege ilitua Manda jana kwa mara ya kwanza baada ya majuma mengi. Leo Fanuel amekuja matangani na kifurushi na barua ya maabara. Alisimama kizingitini hajui kama avue viatu. Alawiya akamwambia, "Pita, mwanangu."

Damu ile ya mwisho imepimwa. Alinisomea: dawa ni haba mno, hali ya hatari, mgonjwa aongezwe vidonge upesi. Na katika kifurushi kuna chupa, imejaa hadi kifunikoni, imeandikwa jina la Kadija.

Alipomaliza kusoma aliikunja karatasi, akaikunjua, akaikunja tena.

Nikamwambia, "Haya, Bwana Fanuel, wamesema tumwongeze. Twende tukampe."

Alikaa chini kando yangu, begani kwangu hasa, na chupa ile akaiweka katikati yetu mkekani. Tulikaa hivyo mpaka kahawa ikaletwa.